Santuri 15 za Queen, kwa daraja za Kipemba

Ukipita Shangani, Mji Mkongwe, hukosi kuwakuta watalii wamejazana mbele ya makumbusho ya Freddie Mercury wakipigana picha. Makumbusho hayo yalifunguliwa mwaka 2019. Mtembezaji wao atawaeleza kwamba mwimbaji huyu alizaliwa Unguja tarehe 5 Septemba 1946 kwa jina la Farrokh Bulsara, kwamba wazee wake walikuwa Waparsi, kwamba baba yake, Bomi, alikuwa keshia wa Mahakama Kuu, na kwamba familia ilihamia Uingereza mwaka 1964, baada ya Mapinduzi. Wageni wataitikia kwa kichwa, watanunua fulana, kisha watateremka Forodhani kutafuta chakula. Santuri ipi ya mtu huyu ni nzuri na ipi mbovu, hakuna anayewaambia, na wenyewe hawaulizi.

Sisi wa Pemba hatuna jumba wala fulana. Freddie hakuzaliwa kwetu, na hakuna anayepanda boti ya Mkoani kuja kumtafuta. Kwangu mimi hiyo ni neema. Tumebakiwa na muziki mtupu, usio na biashara ya kumbukumbu wala mlango wa kupigia picha, na muziki ndio ninaotaka kuuzungumza leo.

Maisha yake tumeshayabishania kiasi cha kutosha. Mwaka 2006, zilipopangwa sherehe za kutimia miaka 60 tangu azaliwe, jumuiya ya Kiislamu ya Uamsho ilizipinga, na ghafla kila baraza likawa na mufti wake. Anayetaka kuuendeleza mjadala huo asinitafute mimi. Mimi natafuta mtu wa kubishana naye kama Queen II imeizidi A Night at the Opera, na mtu huyo ni adimu kisiwani kuliko kanga.

Nianze na kigezo, ili nisije nikalaumiwa baadaye. Wengi huiita Queen bendi ya roki, wakaishia hapo. Mimi naisikiliza kwa sikio la metali, muziki mzito wa magitaa ya kunguruma, na nina mashahidi. Aprili 1992, katika tamasha la kumkumbuka Freddie uwanjani Wembley, waliofungua jukwaa ni Metallica. Baadaye mwimbaji wao, James Hetfield, akaimba pamoja na wanamuziki wa Queen waliobaki, na pembeni yao akapiga gitaa Tony Iommi wa Black Sabbath, mtu ambaye metali haina baba mwingine. Watu wa namna hiyo hawendi kumzika mtu wa disko.

Kwa hiyo nauliza mambo mawili kwa kila santuri. Gitaa la Brian May linauma? Na wale wanne wanavutana? Katika Queen kila mmoja alikuwa mtunzi: Mercury mwenyewe, May, Roger Taylor wa dramu na John Deacon wa besi. Dai langu ni kwamba walikuwa bora pale kila mmoja alipovutia kwake na hakuna aliyeachia kamba. Walipokubaliana kumfurahisha mcheza dansi, wakaanza kuzama.

Kupanga daraja Mpemba hafundishwi. Karafuu zikifika kituo cha ZSTC, shirika linalozinunua, hutazamwa rangi na ukavu, zikapewa daraja la kwanza, la pili au la tatu. Makonyo, yaani vikonyo vyake, yana safari yake: mafuta yanayo, na kiwanda chake kipo Wawi, lakini hakuna anayeyaita karafuu. Basi tuanze na makonyo.

Flash Gordon, Desemba 1980, ni ya 15. Ni muziki wa filamu, nyimbo zenye mashairi kamili ni mbili tu, na baina yake kuna vinanda vya umeme na maneno ya waigizaji. Ukiwa hukuitazama filamu hujui nani anamfukuza nani. Yenye jina la Flash inachangamsha. Basi.

Ya 14 ni Hot Space ya Mei 1982, na hapa wapenzi wengi wa Queen wananiunga mkono, jambo ambalo kwa kawaida hunitia wasiwasi. Mwaka 1980 wimbo wa Deacon, Another One Bites the Dust, ulishika nafasi ya kwanza Marekani. Biashara ikasema: leteni mwingine kama huo. Wakaleta santuri karibu nzima. Gitaa la May likaambiwa lisubiri nje, zikaingia tarumbeta na ngoma za mashine. Wimbo mmoja tu unaoifidia santuri hiyo, Under Pressure, walioufanya na David Bowie mjini Montreux, Uswisi, nao ulitoka mwaka uliotangulia. Nawajua watu wazima wa Chake waliooa kwa santuri hii, na siwalaumu. Arusi ni arusi.

The Miracle ya 1989 naiweka ya 13, na A Kind of Magic ya 1986 ya 12. Zote mbili zimepigwa pasi mno, hakuna mkunjo. Katika ya kwanza nasikiliza I Want It All, ambapo May anakumbuka kuwa yeye ni mpiga gitaa mzito. Katika ya pili nasikiliza Princes of the Universe, wimbo wa filamu ya Highlander, Mercury akiimba kama mtu aliyevaa deraya. Zilizobaki nawaachia redio.

Made in Heaven ni ya 11, na hii naisema kwa heshima. Freddie alifariki tarehe 24 Novemba 1991. Santuri ikatoka Novemba 1995, imeshonwa kwa sauti alizoziacha. Si santuri ya metali hata kidogo. Lakini katika Mother Love anaimba beti za mwanzo, kisha katika ubeti wa mwisho unasikia sauti imebadilika: ni May anayeimba, kwa sababu mwenyewe hakuwahi kurudi studio kuumalizia. Santuri nzima naisikiliza mara chache. Wimbo huo nausikiliza peke yangu.

Ya 10, The Works ya Februari 1984, ina Hammer to Fall, gitaa safi lisilo na aibu, na ina Radio Ga Ga ambayo hata asiyejua Kiingereza anajua pa kupiga makofi. Tatizo langu na mwaka ule halimo ndani ya santuri. Oktoba 1984 Queen walikwenda kupiga Sun City, katika kilichoitwa Bophuthatswana, chini ya utawala wa makaburu, wakati wanamuziki duniani walikuwa wameombwa wasiende. Tanzania ilikuwa nchi ya mstari wa mbele. Vijana wa ANC walikuwa wakisoma Mazimbu, Morogoro, kwa sababu kwao hawakuwa na pa kusoma. Mtoto wa Unguja akaenda kuwaimbia upande wa pili. Bendi iliingizwa katika orodha ya Umoja wa Mataifa ya wasanii waliovunja mgomo, na chama cha wanamuziki cha Uingereza kikawatoza faini. Makumbusho ya Shangani yangenifurahisha zaidi kama habari hii ingepewa ukuta mzima. Mwaka uliofuata, Julai 1985, walipiga Live Aid kwa ajili ya waliokumbwa na njaa Ethiopia, dakika zisizozidi 21 au 22, na dunia ikasahau Sun City. Mimi nimeikumbuka, na santuri nimeishusha daraja moja. Ingekuwa ya 9.

Nafasi hiyo ikaenda kwa The Game ya 1980. Kabla yake waliandika kwenye majalada yao, kwa kiburi, kwamba hawakutumia sinthesaiza. Hapa ndipo walipoitumia kwa mara ya kwanza. Ilifika nafasi ya kwanza Marekani, na ina Dragon Attack, ambamo besi na gitaa zinakwenda bega kwa bega. Mlango wa Hot Space ulifunguliwa hapa, lakini aliyeufungua alikuwa bado na adabu.

Jazz, Novemba 1978, ya 8. Hapa lazima nisimame, kwa sababu wimbo wa kwanza ni Mustapha. Freddie anaanza kwa kupaza sauti peke yake, kwa namna ambayo Muislamu yeyote atafikiri anasikia mwadhini, kisha linafuata gitaa zito na maneno yaliyochanganywa, mengine ya Kiarabu, mengine yanasikika kama Kiajemi, mengine ameyaokota hewani. Katika santuri zote 15 hakuna mahali panaposikika Unguja waziwazi kama hapa: mtoto wa Kiparsi aliyekua akisikia adhana kupitia dirishani, ameihifadhi sauti bila ya kuihifadhi maana. Siku moja ami yangu alirudi msikitini akaukuta unapigwa. Alisimama mlangoni, kofia mkononi, akasikiliza mpaka nikaona haya. "Huyu anaadhini au anacheza?" Sikuwa na jibu zuri. Tangu hapo nikiwa na wakubwa nauruka, na sioni kuwa ni unafiki. Kuna nyumba za kupigia kila wimbo. Nikiwa peke yangu, nakiri kuwa gitaa lake ni kali na kuwa aliyeuimba hakuwa na nia ya dhihaka. Alikuwa akicheza na sauti ya utotoni. Baada ya hapo santuri inakwenda huku na huku, wimbo wa baiskeli, wimbo wa kufurahi usiku, lakini Dead on Time ni metali ya kasi, na mwisho wake ngurumo ya radi, ya kweli, si ya kinanda.

News of the World ya Oktoba 1977 naipa nafasi ya 7. Kila mpenzi wa mpira anaijua bila ya kujua kuwa anaijua, kwani We Will Rock You na We Are the Champions zinafuatana upande wa kwanza. Ule mdundo wa We Will Rock You si dramu. Ni miguu inayokanyaga mbao, na makofi, iliyorekodiwa tena na tena ndani ya studio ya Wessex, London, jengo lililokuwa kanisa, mpaka watu wachache wakasikika uwanja mzima. Gitaa linaingia mwishoni tu, kama mgeni rasmi. Ila nyimbo hizo mbili zimechoka kwa kutumikishwa. Metali imo kwingine: katika It's Late, na katika wimbo unaoitwa Sheer Heart Attack, ambao kwa vituko vyao haumo katika santuri yenye jina hilo.

Sasa tunaingia daraja la kwanza, na humu ugomvi unakuwa wa haki.

Ya 6 ni ile ya mwanzo, Queen, ya Julai 1973. Waliirekodi katika studio ya Trident kwa saa za mabaki, wateja wanaolipa wakishaondoka. Dramu zilitoka zimebanwa, na wenyewe hawakuridhika nazo. Mwaka 2024 ikachanganywa upya, na sasa Taylor anasikika kama mtu aliyetolewa kabatini. Mercury alitunga nusu ya nyimbo zake 10. Sikiliza Liar, sikiliza Great King Rat, halafu sikiliza Son and Daughter ya May, nzito kama kitu cha Sabbath. Wana njaa. Hawajui bado watakuwa nani, na kutojua huko kunapendeza.

A Day at the Races, Desemba 1976, ya 5. Ndiyo ya kwanza waliyoitayarisha wenyewe, bila ya mtayarishaji wao Roy Thomas Baker. Inaanza na Tie Your Mother Down, na ina White Man, wimbo wa May kuhusu wenyeji wa Amerika walionyang'anywa nchi na mzungu, mzito kwa maneno na kwa gitaa. Somebody to Love nayo ni kazi ya koo tatu tu, za Mercury, May na Taylor, zilizowekwa moja juu ya nyingine mpaka zikawa kwaya ya kanisa la Wamarekani weusi.

Kwa Innuendo ya Februari 1991 najua nitapingwa, kwani wengi huiweka chini. Mimi nimeipa nafasi ya 4. Mercury alikuwa mgonjwa. Alitangaza kuwa ana UKIMWI tarehe 23 Novemba mwaka huo, na siku ya pili yake akafariki. Ungetarajia santuri ya kuaga, ya kinanda na machozi. Badala yake wimbo wa kwanza ni wa dakika sita na nusu, mdundo wa kijeshi, katikati yake gitaa la Kihispania la Steve Howe, mgeni kutoka bendi ya Yes, kisha metali inarudi kwa kishindo. The Hitman ni nzito kuliko chochote walichokifanya kwa miaka 10 kabla yake. Wanne walikuwa wameacha kugombea hakimiliki, kila wimbo umeandikwa jina la Queen, lakini kuvutana kumerudi. Sauti ya The Show Must Go On ni ya mtu mzima anayejua saa ngapi, na hana muda wa kumwonea huruma msikilizaji.

Ya 3 ni A Night at the Opera ya Novemba 1975. Ndiyo, ya 3. Bohemian Rhapsody ilikaa nafasi ya kwanza Uingereza wiki tisa, ikarudi tena juu baada ya kifo cha Mercury, na ile kwaya ya katikati inapopaza Bismillahi, kila Mzanzibari anayeisikia mara ya kwanza hugeuza shingo. Sina neno juu ya wimbo huo. Wimbo wangu humo lakini ni The Prophet's Song wa May, dakika nane na ushei, alioutunga baada ya kuota ndoto ya gharika. Katikati vyombo vyote vinanyamaza, anabaki Mercury peke yake, sauti yake inajifuata, inajijibu, inajipita. Wazungu wengine huchoka hapo. Sikio lililolelewa na taarab asilia, lililozoea kusubiri bashraf imalizike ndipo mwimbaji ainuke, halichoki. Kilichoishusha santuri ni vijiwimbo vya mzaha, Seaside Rendezvous na wenzake. Vizuri, vya ustadi, lakini nikiwa na kiu ya gitaa sitaki sharubati.

Sheer Heart Attack ilitoka Novemba 1974 na ni ya 2. May aliugua homa ya ini mwaka huo wakiwa ziarani Marekani, kisha vidonda vya tumbo. Wenzake wakaanza bila yake, yeye akitunga kitandani. Sijui kama ndiyo sababu, lakini hakuna santuri yao isiyo na mafuta ya ziada kama hii. Stone Cold Crazy ina dakika mbili na kidogo, na kasi yake mwaka 1974 ilikuwa haijapewa jina. Metallica waliurekodi mwaka 1990, wakashinda nao tuzo ya Grammy ya metali mwaka uliofuata. Kwa maneno mengine, wakubwa wa metali walipewa tuzo kwa wimbo wa miaka 16 nyuma wa bendi ambayo watu wanabisha kuwa si ya metali. Mimi niliujua kwanza kwa kanda. Umeme wa Pemba wakati huo ulikuwa wa jenereta, kabla ya waya wa chini ya bahari kutoka Tanga uliofika mwaka 2010, kwa hiyo redio kaseti ilikwenda kwa betri. Betri zikichoka kanda inakokota, na Stone Cold Crazy ikikokota inakuwa nzito zaidi, sauti ya Freddie inashuka mpaka ya fahali wa Kengeja. Nilipousikia kwa kasi yake halisi nilidhani mashine imeharibika.

Ya kwanza ni Queen II, Machi 1974.

Ina upande mweupe na upande mweusi, si upande wa kwanza na wa pili. Mweupe ni wa May, akiachia wimbo mmoja kwa Taylor. Mweusi wote, nyimbo sita, ni wa Mercury. Hapo ndipo kuvutana ninakokusema kunapoonekana kwa macho: wamegawana santuri kama warithi. May anafungua kwa Procession, gitaa tupu lililowekwa tabaka juu ya tabaka mpaka likawa bendi ya matarumbeta. Gitaa lenyewe alilitengeneza nyumbani na baba yake miaka ya 1960, shingo yake ni mbao ya zamani ya mahali pa kuotea moto, springi zake za pikipiki, na hulipiga kwa sarafu ya peni sita badala ya kipande cha plastiki. Ukisikiliza kwa makini unausikia ule ukingo wa sarafu ukikwaruza waya.

Ukigeuza upande mweusi, Ogre Battle inakupokea kwa sauti zinazokwenda kinyumenyume, kisha gitaa linashuka kwa kasi ambayo bendi za metali zilihitaji karibu miaka 10 kuizoea. Haipumziki. Inaingia moja kwa moja katika The Fairy Feller's Master-Stroke, uliotokana na mchoro wa Richard Dadd, na baada ya kituo kifupi cha kinanda inafika The March of the Black Queen, ambako mwimbaji anabadilisha mwendo, funguo na sura kila baada ya mistari michache. Bohemian Rhapsody ilizaliwa humu, miezi 20 kabla. Tofauti ni kwamba huku hakuna aliyekuwa akifikiria redio.

Wanaonipinga husema santuri hii ina msongamano, haina wimbo wa kuimba barabarani. Ni kweli, isipokuwa Seven Seas of Rhye, uliowapa kumi bora yao ya kwanza Uingereza. Lakini ni santuri pekee kati ya 15 ambayo mpaka leo nasikia ndani yake kitu nilichokuwa sijakisikia, na safari ya mwisho kilikuwa ni kengele ndogo nyuma ya gitaa.

Atakayeona nimekosea asiniletee Bohemian Rhapsody kama hoja. Asikilize upande mweusi, wote, bila ya kuruka, na sauti iwe juu kadiri majirani wanavyoruhusu. Akimaliza na bado anabisha, nipo Chake Chake.